Jicho la Kushoto

Kazi yangu ilikuwa kukumbuka.
Glasi ina maji kiasi gani, hereni iko sikio lipi,
kifungo cha tatu kimefungwa au kimeachwa.
Miaka kumi na minne, madaftari thelathini na moja,
na karibu kila ukurasa jina lake: Adikini.

Tulipiga picha katika ghala la pamba la zamani, Jinja.
Mvua ikigonga bati sote tulinyamaza
tukimngoja Mungu amalize mazungumzo yake.
Kwenye kamera alilia kwa Kiluganda.
Mwongozaji akisema "Kata!" alinigeukia
kwa Kiswahili, lugha yetu sisi wawili,
mimi mtoto wa kambi ya jeshi, yeye wa Malaba mpakani:
"Dada, chozi lilitoka jicho gani?"
La kushoto, nikamwambia.
Mara ya pili likatoka la kushoto.

Saa nane mchana alikuwa Mama Kirabo,
mama mkwe aliyetia dawa kwenye chai,
aliyeuza kiwanja cha yatima
na hati akaificha ndani ya Biblia.
Saa kumi na moja alikuwa sokoni Amber Court
na muuza nyanya anamnyima nyanya:
"Mrudishie kwanza yule mtoto kiwanja chake."
Adikini hakucheka. Alisema, "Nitajitahidi, mama,"
na Jumatatu akamwendea mwandishi
kumwombea Mama Kirabo usiku mmoja tu wa kukosa usingizi.
Mwandishi alikataa. Watu wanapumzika baada ya kula, alisema,
wanataka ubaya ulionyooka.

Bei ya ubaya huo naijua:
elfu sitini kwa siku, na miezi mingine ahadi.
Gauni lilikuwa hariri kwa mbele;
nyuma tulilibana kwa vibanio vya kuanikia nguo,
vya plastiki, vya njano,
ndiyo maana Mama Kirabo hakuwahi kumpa mtu mgongo.
Wakasema ni kiburi. Magazeti yalikisifu.

Siku mama yake alipozikwa Tororo
tulikuwa na harusi.
Gari lipo tayari, wakamwambia, maliza keki kwanza.
Alikata keki mara kumi na moja, akicheka,
na kila mara nilimfuta sukari mdomoni.
Daftari la siku ile linasema:
kisu mkono wa kulia, kicheko kirefu, keki imebaki nusu.
Halisemi alikuta udongo umeshapigwa sepetu.

Kisha akaja msichana kutoka Kampala
mwenye wafuasi laki mbili ndani ya simu,
na Mama Kirabo akaandikiwa ngazi.
Nyumba yetu haikuwa na ghorofa.
Mafundi walijenga vidato saba vya plaiwudi
visivyokwenda popote,
kwa ajili ya kumwangusha yeye tu.
Alianguka mara nne. Ya nne alibaki chini kidogo,
kisha akaninyoshea kiatu:
"Hiki kilivuka mguu gani?"

Jumamosi ile muuza nyanya alimwona mzima,
akashika kifua, akamjazia kikapu hadi mkono wa kikapu ukalia.
Hakutaka pesa. "Umeshalipa," alisema.

Mwaka jana nilimtembelea Mpumudde.
Ana kuku wa mayai, ana goti linalotabiri mvua.
Alinimiminia chai na nikajikuta naipima kwa macho,
robo tatu, sikio la kikombe limeelekea dirishani.
Tulisema habari za mashudu na bei ya chanjo.
Halafu, katikati ya kunipa sukari,
kijiko kikasimama hewani
na akaanza kumtaja mama yake, jina la utotoni,
nisilowahi kulisikia.

"Jicho gani?" akauliza baadaye, akijifuta kwa kanga.
Nikamwambia sikuangalia.